Maji Yameingia Theta, Yatatokea Wapi?

Jioni ya leo nataka tupige hesabu pamoja. Aliye na kalamu aishike. Aliye njiani asikilize tu, maana hesabu yenyewe ni nyepesi.

Chukua ploti moja, ile ya futi 50 kwa 100 ambayo ndiyo imejenga miji yetu yote kandokando ya barabara kuu ya Thika. Juu yake pana jumba la ghorofa nne lenye vyumba 40 vya bedsita. Kila chumba kina watu wawili, kwa hiyo ploti ina watu 80. Kila mmoja wao anatumia lita 50 kwa siku: kuoga, kufua, kupika, kuosha vyombo, na maji ya choo. Lita 50 si anasa, ni mitungi miwili na nusu. Ploti nzima basi inatumia lita 4,000 kila siku ya Mungu. Wahandisi wa maji huchukulia kwamba katika kila lita kumi zinazoingia nyumbani, nane hutoka zikiwa majitaka. Ploti yetu inatoa lita 3,200 kwa siku.

Sasa lete lori la kunyonya, la lita 10,000. Ikiwa tangi la septiki limejaa na udongo wa chini umeshiba, haunywi tena, mwenye nyumba atahitaji lori hilo kila baada ya siku tatu, mwaka mzima. Kodi ya bedsita haiwezi kubeba gharama hiyo, na kila mwenye nyumba kati ya Githurai na Thika analijua hilo kabla hata fundi hajamaliza kupaka rangi.

Ndipo keateka, mtunzaji wa jumba hilo, anapompigia mwenye nyumba simu: "Mzee, shimo limejaa tena." Na jibu linalotoka upande wa pili ni fupi: "Ngoja mvua."

Ninyi mnaoishi katika mitaa hii mnajua kinachofuata. Mvua inapopiga mabati usiku, mtu anafunua kifuniko, anatumbukiza pampu, au anazibua bomba lililofichwa chini ya changarawe likielekea mtaroni. Maji ya mvua na maji ya choo yanashuka pamoja, yanapita mbele ya duka la mboga, mbele ya lango la shule, yanaingia katika korongo, na kukipambazuka hakuna anayeweza kuyatenganisha. Watoto wanaokwenda shule asubuhi wanayaruka wakidhani ni madimbwi ya mvua tu.

Ni rahisi kumlaani mwenye nyumba huyo, na kwa kweli anachofanya ni kosa la jinai na ni ukatili kwa jirani. Lakini nimeifanya hesabu hii makusudi, kwa sababu tukiishia kwenye laana hatutafika popote. Mji uliomruhusu kujenga vyumba 40, ukamfungia mita ya maji, ukachukua ada za ramani zake, haukumwonyesha lita 3,200 zitakwenda wapi. Tulileta njia ya maji kuingia. Njia ya kutokea tukamwachia kila mtu ajitafutie ndani ya ploti yake.

Theta ni wadi katika eneo bunge la Juja, jirani na Ruiru, na jina lake ni la mto. Mto Theta unashuka kutoka nyanda za juu za Gatundu, ukiandamana na ndugu zake Thiririka na Ndarugu, na mwisho wa mito hiyo yote ni mto Athi. Si zamani sana nchi hii ilikuwa mibuni na mkonge. Ruiru ndipo kilipo kituo cha utafiti wa kahawa, na aina ya mbuni iitwayo Ruiru 11, iliyotolewa kwa wakulima mwaka 1985, imelibeba jina la mji huu hadi kila kona ya Kenya inayolima kahawa. Shamba la kahawa hunywa mvua. Udongo mwekundu wa miinuko yetu ni wa kina, una vinyweleo, na chini ya kivuli cha mbuni maji huzama taratibu hadi yafike mtoni baada ya siku nyingi, yakiwa yamechujwa.

Kisha mashamba yakakatwa. Barabara kuu ya Thika ilifunguliwa Novemba 2012, na safari ya Nairobi iliyokuwa ya saa kadhaa ikawa ya chini ya saa moja. Sensa ya 2009 ilihesabu watu 238,858 mjini Ruiru. Sensa ya 2019 ilihesabu 490,120. Mji uliongezeka zaidi ya mara mbili kwa miaka kumi! Juja nayo, iliyokuwa senta ndogo ya wanafunzi wa Chuo Kikuu cha Jomo Kenyatta na wachimba mawe, ikawa mji unaokaribia kugusana na Ruiru upande mmoja na Thika upande wa pili, na Theta ikajikuta katikati.

Thika ilikuwa na bahati ya kuzaliwa mji wa viwanda. Ilipata mapema mabomba ya majitaka na mabwawa ya kuyasafisha. Ruiru haikupata bahati hiyo. Ilikua kwa miongo mingi bila laini ya sua, ikitegemea mashimo peke yake, hadi katika muongo wa 2010 ndipo mtandao na mtambo wa kusafishia vikaanza kujengwa chini ya iliyokuwa Bodi ya Huduma za Maji ya Athi. Na tusijione tuko peke yetu. Sensa ya 2019 ilionyesha kwamba katika Kenya nzima ni takriban kaya moja tu kati ya kumi iliyounganishwa na laini kuu ya majitaka.

Wakati huohuo maji safi yamekuja kwa nguvu. Bwawa la Karimenu II kule Gatundu Kaskazini lilifunguliwa mwaka 2022, nalo limejengwa kutoa lita milioni 70 kwa siku kwa Gatundu, Ruiru, Juja na sehemu ya Nairobi. Nilifurahi, na bado nafurahia kila bomba linalofika kwa mama aliyekuwa akinunua maji ya mkokoteni. Ila rudieni ile hesabu ya nane kwa kumi. Lita milioni 70 zinazoingia ni lita milioni 56 zinazotoka. Sherehe ya kuzindua bwawa huwa na hema, kwaya na magari ya serikali. Sijawahi kusikia kwaya ikiimba kwenye uzinduzi wa menholi, na nadhani hapo ndipo tunapokosea kupanga vipaumbele vyetu.

Tuingie ndani ya ploti tuone shimo linafanya nini hasa, maana watu wengi wanaliamini kuliko linavyostahili. Tangi la septiki halisafishi majitaka. Linayatuliza. Mazito yanazama chini, mafuta yanaelea juu, na bakteria wasiohitaji hewa wanakula sehemu ya yale mazito polepole. Maji yanayotoka upande wa pili kwenda kwenye shimo la kunyonyea yanaonekana mepesi, lakini yamejaa vijidudu. Kazi ya kusafisha inafanywa na udongo. Kwa hiyo swali la kwanza kwa fundi lingekuwa: udongo wa hapa ni wa namna gani?

Kwenye miinuko myekundu ya kahawa, udongo unafanya kazi hiyo vizuri kama nyumba ni chache. Ukiteremka kuelekea mashariki, Juja Farm na tambarare zake, unakuta udongo mweusi wa mfinyanzi ambao kiangazi unapasuka nyufa za kumeza fimbo na masika unavimba hadi tone halipiti. Na chini yake, mara nyingi si mbali, kuna mwamba. Sote tunayajua mawe ya Ndarugu, yale ya kukatwa kwa mashine ambayo yamejenga nusu ya nyumba za Nairobi. Yanachimbwa hapahapa. Mwamba usio na ufa haunywi kitu, na wenye ufa unapeleka majitaka mbali bila kuyachuja hata kidogo.

Wataalamu wa afya hushauri shimo la choo na kisima viachane angalau mita 30. Ploti ya futi 50 kwa 100 ina upana wa mita 15 na urefu wa mita 30. Yaani hata ukichimba kisima kwenye kona moja na shimo kwenye kona ya mwisho, umefika ukingoni mwa kanuni, na hatujataja bado shimo la jirani ambalo liko upande wa pili wa ukuta wako. Katika mitaa ambako kila ploti ina shimo na kila ploti ya tatu ina kisima, watu wanakunywa wanachokitoa. Oktoba 2022 mlipuko wa kipindupindu ulioenea nchini ulianzia katika kaunti yetu ya Kiambu, baada ya sherehe ya harusi huko Limuru. Kufikia mwisho wa mlipuko huo watu zaidi ya 10,000 walikuwa wameugua na takriban 200 wamefariki. Kipindupindu hakihitaji mlango mwingine ila huu wa maji na chakula vilivyoguswa na kinyesi.

Kuna jambo moja ambalo lazima niliseme nikiwa bado kwenye shimo. Msimtume kijana kushuka ndani ya tangi. Wala kwa shilingi elfu tano, wala kwa kumi. Ndani ya tangi lililofungwa kuna gesi, mojawapo ikiwa ile yenye harufu ya yai bovu, na kwa wingi wake gesi hiyo inaua pua kwanza, mtu asiisikie tena, kisha inamwangusha. Wa pili anashuka kumwokoa ndugu yake, naye anaanguka. Tumezika vijana wawili wawili na watatu watatu katika nchi hii kwa namna hiyo. Shimo linyonywe kwa bomba mtu akiwa juu. Na wanaofanya kazi hii wapewe glavu, buti na heshima, kwa sababu bila wao mji ungefungwa ndani ya wiki moja.

Sasa mvua. Ploti yetu ina eneo la mita za mraba 465 hivi. Ilipokuwa shamba, mvua ya milimita 50 ilizama karibu yote. Leo juu yake kuna paa, na palipobaki pamewekwa kabro kutoka ukuta hadi ukuta. Mvua ileile ya milimita 50 inatoa zaidi ya lita 23,000 kwa ploti moja, na zote zinatafuta lango kwa wakati mmoja. Zidisha kwa ploti zote za barabara yenu. Ndiyo maana mtaro uliotosha miaka 15 iliyopita leo unafurika kwa mvua ya nusu saa, na wakazi wanasema mvua za siku hizi zimebadilika. Pengine zimebadilika. Lakini ardhi tuliyoifunika kwa saruji imebadilika zaidi, na hiyo tuliibadilisha sisi.

Mafuriko ya masika ya 2024 yaliua watu karibu 300 nchini. Wengi wenu mtakumbuka usiku wa kuamkia tarehe 29 Aprili kule Mai Mahiu. Kalvati chini ya reli ilikuwa imeziba kwa magogo, mawe na matope. Maji yakajikusanya nyuma yake kama bwawa ambalo hakuna aliyelijenga, yakapasua, na watu zaidi ya 50 wakasombwa wakiwa vitandani. Nimeitaja Mai Mahiu kwa sababu kila mtaa wa Ruiru na Theta una kalvati yake ndogo iliyoziba nusu, kwa chupa za plastiki, nepi, na matawi ya ua lililopunguzwa Jumamosi. Tunaipita kila siku. Tunajua ni ipi.

Kisha kuna kosa ambalo hata watu waungwana hulifanya bila kujua. Mabomba yetu ya majitaka yalijengwa kwa majitaka peke yake. Maji ya mvua yana mitaro yake. Lakini kiwanja kinapofurika, jambo la kwanza mtu analofanya ni kuinua kifuniko cha menholi ili maji yateremke. Wengine wameunganisha mifereji ya paa moja kwa moja na sua. Bomba lililopimwa kubeba choo na bafu la mtaa mmoja linapokea ghafla mvua ya mtaa mzima. Linajaa, linarudisha, na menholi iliyo chini kabisa bondeni inabubujika. Aliyeinua kifuniko huko juu kwake kumekauka. Aliye bondeni ndiye anayeamka na kinyesi sebuleni. Kama hamtakumbuka lolote jingine katika mazungumzo haya, mlikumbuke hili: mvua isiingizwe kwenye sua.

Na mjue kwa nini huko bondeni mto nao huumia. Majitaka husafiri kwa mteremko, hivyo laini kubwa hulazwa mabondeni, sambamba na mto. Ni uhandisi mzuri, hauhitaji pampu wala umeme. Lakini maana yake ni kwamba kila menholi inayoziba, au iliyoibiwa kifuniko cha chuma kikauzwa kwa wanunuzi wa vyuma kuukuu, inamwagia moja kwa moja mtoni. Vifuniko vya zege vimesaidia. Nepi na vitambaa vinavyotupwa chooni vinaharibu kazi yote.

Majitaka yakifika salama kwenye mabwawa, yanayotokea huko ni mambo ya kupendeza, nami natamani kila shule ya Thika ipeleke wanafunzi kuona. Bwawa la kwanza lina kina kirefu, halina hewa, mazito yanaoza chini. La pili ni la kina kifupi zaidi. Juu yake mwani wa kijani unatengeneza oksijeni kwa jua, na bakteria wanaitumia kula uchafu. La mwisho ni la kina kifupi kabisa, na humo miale ya jua inaua vijidudu. Hakuna injini. Jua la ikweta ndilo mfanyakazi. Kinachohitajika ni ardhi na muda, na ardhi ya Kiambu sasa inauzwa kwa futi, ndiyo maana kila bwawa la majitaka linazungukwa na watu wanaolimezea mate kwa macho ya udalali. Kanuni za ubora wa maji za mwaka 2006 zilitaka majitaka yaliyosafishwa yanaporudishwa mtoni uchafu unaokula oksijeni usizidi miligramu 30 kwa lita. Maji yanayotoka shimoni usiku wa mvua hayajakaribia kiwango hicho hata kwa mbali.

Yanakwenda wapi? Hapa naomba utulivu, kwa sababu wengi wetu tunadhani mto unaishia pale tunapoacha kuuona.

Mito ya Thika na Chania inakutana Thika mjini, pale penye maporomoko mawili, na kutoka hapo mto unaelekea Tana na bwawa la Masinga. Njiani, chini ya mji, maji yake yanaingia mfereji wa Yatta, ule uliochimbwa kwa mikono ya wafungwa wa vita vya Mau Mau katika miaka ya 1950. Kando ya mfereji huo hadi Matuu kuna familia zinazomwagilia mboga kwa maji hayo, na zipo zinazoyateka kwa matumizi ya nyumbani. Mito ya Ruiru, Theta na Ndarugu nayo inaingia Athi. Athi inapita Fourteen Falls karibu na Ol Donyo Sabuk, inashuka Ukambani, inabadilika jina kuwa Galana, kisha Sabaki, na kufika bahari karibu na Malindi. Kabla ya kufika, pale Baricho, visima vilivyochimbwa kando ya Sabaki vinatoa maji yanayopelekwa Malindi, Kilifi na hadi Mombasa. Msikilizaji wetu wa Kisauni, Mombasa, anayechota maji jioni hii yuko kwenye mto mmoja na keateka wa Theta anayengoja mvua. Mto unajisafisha kiasi katika safari ndefu hivyo, jua na mchanga husaidia, na maji hutibiwa kabla ya kufika bombani. Lakini wa Ukambani anayeteka mtoni kwa mtungi hana mtambo wowote kati yake na sisi.

Katiba ya 2010 imelisema jambo hili bila kificho. Kifungu cha 43 kinampa kila mtu haki ya viwango vinavyofaa vya usafi wa mazingira, na maji safi na salama ya kutosha. Jedwali la Nne limezipa kaunti kazi mbili kwa pamoja: mifumo ya maji ya mvua katika maeneo yaliyojengwa, na huduma za maji na usafi. Kwa hiyo kaunti ya Kiambu haiwezi kusema mtaro ni wa mtu mwingine. Kampuni za maji, ya Ruiru na Juja kwa upande mmoja na ya Thika kwa upande mwingine, ndizo zenye kuendesha mabomba, na wakala wa Athi aliyerithi kazi ya ile Bodi ndiye mwenye kujenga mitambo mikubwa.

Lakini angalieni pengo lilipo. Laini kubwa inapita bondeni. Nyumba yako iko juu, mita 200 kutoka hapo. Kati yako na laini kuna ploti nane za watu wengine na barabara ya murram. Serikali imejenga bomba kubwa na imeondoka. Wewe umejenga choo na umemaliza. Zile mita 200 ni za nani? Kwa sasa si za mtu. Ndani ya mita hizo ndimo mashimo yanamojaa na mvua inamongojwa. Bomba la mabilioni linaweza kupita bondeni likiwa nusu tupu huku mtaa ulio juu yake ukinuka.

Kuna watu waliokumbana na pengo hilohilo wakaliziba. Mwaka 1980, katika mtaa wa Orangi jijini Karachi, Pakistan, mzee mmoja aitwaye Akhtar Hameed Khan alianza kuzungumza na wakazi waliokuwa wakingoja serikali iwaletee mabomba. Hawakuwa matajiri. Walichokubaliana ni kugawana kazi. Choo ndani ya nyumba na bomba la kichochoro ni letu, walisema. Laini kubwa na mtambo wa kusafisha ni vya serikali. Kichochoro cha nyumba 20 au 30 kikawa ndicho kitengo cha kazi. Kila kichochoro kilichagua msimamizi, kikachanga pesa zake, kikapewa ramani na vipimo na wahandisi wa mradi, na wakazi wakachimba au wakaajiri fundi wao. Kwa kuwa hapakuwa na mkandarasi wa kati, gharama ilishuka hadi sehemu ndogo ya ile ambayo serikali ingetoza. Makumi ya maelfu ya nyumba ziliunganishwa hivyo. Upande wa serikali ulichelewa, na kwa miaka mingi majitaka ya Orangi yalipita kwenye makorongo bila kusafishwa, kwa hiyo tusidhani kichochoro kinaweza kuibeba kazi yote. Lakini kile kinachowezekana kwa nyumba 20, wao walikithibitisha.

Sisi tunacho kichochoro chetu tayari. Mpango wa Nyumba Kumi umekuwepo tangu 2013, ulianzishwa kwa ajili ya usalama. Tunavyo vyama vya kina mama vinavyochanga kila mwezi bila kukosa na kukopeshana kwa daftari la kurasa 40. Tumenunua transfoma kwa kuchanga, tumeweka lango na mlinzi mwanzo wa barabara kwa kuchanga. Sijaona sababu ya barabara hiyohiyo kushindwa kuchangia bomba la inchi sita.

Nataka pia kusema neno kwa wale ambao laini ya sua haitawafikia miaka kumi ijayo, na mko wengi huko Theta ndani. Maji ya kuogea na kufulia yasimwagwe barabarani. Yachimbieni shimo lake lenye kokoto, pandeni migomba na nduma juu yake, mtakula. Wekeni matangi ya maji ya mvua. Tangi la lita 10,000 linashika karibu nusu ya ile mvua ya milimita 50 inayoanguka kwenye ploti, na kile kilichoshikwa hakiendi kwa jirani. Acheni sehemu ya kiwanja bila kabro. Septiki inyonywe kabla haijafurika, na mwulizeni dereva wa lori anakwenda kumwaga wapi. Kama hana jibu la wazi, mnamlipa amwage kwenye mto Theta.

Kwa walio karibu na laini, kazi ni hii, na ina tarehe. Sheria ya usimamizi wa fedha za umma inaitaka kaunti iwasilishe mpango wake wa maendeleo wa mwaka kabla au ifikapo tarehe 1 Septemba, na inaitaka ishirikishe umma. Mtaro au bomba lisilokuwa kwenye mpango huo litapata shida sana kupata pesa mwaka unaofuata. Kwa hiyo kutaneni Julai. Si lazima kwa chifu, hata kwenye ngazi za duka. Pimeni kwa kamba umbali kutoka nyumba ya mwisho hadi menholi ya kwanza. Hesabuni ploti. Andikeni ni ploti ngapi ziko tayari kuchanga na kiasi gani, nani amekubali bomba lipite kwake, na ni kalvati ipi imeziba. Ombeni kampuni ya maji iwape vipimo vya bomba na mteremko, maana bomba lililolazwa vibaya litaziba mwaka wa kwanza. Tieni sahihi wote, wenye nyumba na wapangaji pia, kwa kuwa mpangaji ndiye anayelala na harufu. Mpelekeeni mwakilishi wa wadi nakala moja, na nyingine ofisi ya mipango ya kaunti, na mdai mhuri wa kupokelewa kwenye nakala yenu.

Karatasi nyingi zinazofika ofisi hizo zinasema "tunaomba serikali itusaidie," nazo hujibiwa kwa tabasamu. Yenu itakuwa na mita, na ploti, na shilingi ambazo tayari ziko mezani, kwa hiyo afisa atakayeipokea itambidi awajibu kwa mita na kwa shilingi vilevile.